Muhuri wa RC1 bado niko nao nyumbani

Uko ndani ya kopo la kakao juu ya kabati, pamoja na betri za tochi zilizokufa na vifungo vya koti la marehemu mume wangu. Mpini wa mbao umepasuka, raba imekuwa ngumu kama kwato, lakini ukiugeuza bado unasoma herufi zake kinyumenyume, RC1, yaani Resistance Council, baraza la wananchi la kijiji, halafu jina la zoni yetu hapa Walukuba, Jinja.

Mjukuu wangu anayesoma kampusi Kampala alikuja likizo akaukuta wakati anatafuta misumari. Jaja, huu wa nini? Nikamwambia. Basi akaanza kunieleza, yeye na wenzake wana kikundi cha kusoma, wanasoma Marx, wanasoma Lenin kwenye simu, na ati zile RC zetu zilikuwa wazo la kikomunisti kabisa, kwa hiyo jaja, wewe ulikuwa mkomunisti? Banange, nilicheka mpaka chai ikanipalia. Mimi niliyeuza mivumba, mitumba ya nguo, sokoni miaka 20, nina ploti mbili na wapangaji wanne, ati mkomunisti. Yeye hakucheka. Usiku nikawa nageuka kitandani nafikiria vile swali lenyewe halina jibu fupi, ndiyo nimeamua niandike, na kama nachanganya mambo mtanivumilia, naandika na kidole kimoja.

Walukuba ya utoto wangu ilikuwa ya wafanyakazi. Bwawa la Owen Falls lilifunguliwa mwaka 1954, umeme ukapatikana, viwanda vikaja, nguo, vyuma, shaba ya Kilembe ililetwa na treni kutoka Kasese ikayeyushwa hapa hapa. Watu wakatoka kila mahali, Wasoga, Waluo, Waluhya, Waalur, Wakakwa, wakapewa vyumba kwenye laini, na kwa sababu hakuna aliyetaka kujifunza lugha za wote wakaongea Kiswahili. Baba alitoka upande wa Busia mwaka 1956 akaingia kiwanda cha nguo, idara ya kufuma, akawa kiziwi kidogo kwa kelele za mashine, nyumbani alikuwa anaongea kama anaita mtu ng'ambo ya Nile. Mjini kwa Waganda Kiswahili kilikuwa lugha ya askari na wezi. Kwetu kilikuwa lugha ya shifti.

Sasa baba alikuwa na siku moja aliyoikumbuka kama siku ya harusi. Tarehe 1 Mei 1970, rais Obote akiwa uwanja wa Nakivubo, alitangaza serikali itachukua asilimia 60 ya makampuni makubwa, zaidi ya 80. Mwaka uliotangulia alishatoa ile hati yake ya mwananchi wa kawaida, hayo mambo ya kuelekea kushoto. Mimi nilikuwa na miaka 8, nakumbuka baba alirudi na soda kreti nzima, akatuambia kiwanda sasa ni chetu. Mama akamuuliza, kama ni chetu, kesho huendi kazini? Akasema anaenda. Mshahara umeongezeka? Hapana. Mama akafungua soda yake akanywa. Nimesikia maprofesa wengi tangu hapo lakini hilo swali la mama sijaona aliyelijibu vizuri.

Halafu tarehe 25 Januari 1971 Amin akachukua nchi, na mwaka 1972 Wahindi wakapewa siku 90 za kuondoka. Viwanda na maduka wakapewa watu wake. Hapo ndipo Kiswahili cha Uganda kilipozaa neno ambalo hata Marx angelipenda, mafuta mingi. Huyo ndiye bwanyenye wetu, hakujenga kiwanda wala hakuanzisha biashara, alipewa funguo tu, akauza kilichokuwa kwenye shelfu, na bei alimuuliza mwenye duka jirani, naye jirani hakujua. Vipuri havikuja, mashine za baba zikaanza kufa moja moja, wakawa wanaua moja kulisha nyingine. Watu wakaishi kwa magendo.

Aprili 1979 Watanzania walifika. Cha kwanza kilichotushangaza ni Kiswahili chao, askari mwenye bunduki anasema tafadhali mama naomba maji, sisi hatukujua neno tafadhali linaweza kukaa kinywani mwa mtu mwenye bunduki. Cha pili walituachia mayumba kumi. Kila nyumba kumi na balozi wake, na sukari, chumvi, sabuni vikawa vinagawiwa kwa orodha yake. Hilo lilikuwa jambo la TANU tangu miaka ya 60, kule kwao selu ya nyumba kumi ilikuwa mzizi wa chama, Nyerere mwenyewe hakujiita mkomunisti lakini hiyo namna ya kukipeleka chama mpaka mlangoni kwa mtu ilitoka kwenye ukoo huohuo. Mimi nilikuwa na miaka 17, siasa sikujua, nilijua tu kwamba balozi wetu, mzee mpole aliyekuwa anashona viatu, ndani ya miezi 2 alianza kusalimiwa na watu wanaopiga magoti. Kwa kilo mbili za sukari. Daftari la majina na kalamu, basi.

Miaka ya Obote ya pili nitaipita haraka, waliokuwepo wanajua neno panda gari, askari wakizoa watu kwenye malori, na hawahitaji maelezo.

Tarehe 26 Januari 1986 Kampala ikaanguka, na siku chache baadaye wale wa msituni, wapiganaji wa Museveni, wakawa Jinja. Sisi tulishajifungia, mama alificha samaki chini ya kitanda. Kakaja kadogo kamoja, askari mtoto, bunduki inakaribia kugusa ardhi, kakataka maandazi kwa jirani yetu. Akampa sita, mikono inatetemeka, akamwambia mtoto wangu nenda tu. Kakakataa kuondoka. Kakasimama pale kanahesabu pesa, zikapungua, kakarudisha andazi moja. Jirani alilia. Watu wa leo hawaelewi kwa nini tuliwapenda wale watu vile, ni hilo andazi. Baadaye darasani ndio nikaja kujua kwamba sheria zile, usichukue cha mwananchi, lipa, ongea kwa adabu, usiguse mwanamke wa mtu, undugu wake uko China, Mao aliwapa askari wake sheria za namna hiyohiyo, kwa sababu askari ni samaki na wananchi ni maji. Nilipoisikia hiyo ya samaki nikamkumbuka mama na samaki wake chini ya kitanda. Maji tulikuwa sisi, tunajificha.

Mwaka huohuo wakaja kusema mchague RC. Tukapangwa uwanjani, wagombea wanasimama mbele, unakwenda kusimama nyuma ya unayemtaka, hakuna karatasi. Viti 9, na kimoja lazima kiwe cha mwanamke, katibu wa wanawake. Mimi sikuomba. Mama mmoja muuza mukene, dagaa wetu, alinisukuma mgongoni akasema huyu anajua kuandika. Nikageuka nikaona mstari nyuma yangu, wanaume wazima, fundi wa shaba, mlevi wa laini ya pili, mwalimu wangu wa P5, na baba, amesimama nyuma yangu mimi mtoto wake wa kike, kofia mkononi. Nimezaa watoto 5, nimezika mume, lakini nikiulizwa siku ambayo nchi hii ilikuwa yangu, ni hiyo, kama saa 9 mchana, jua kali, natazama mstari.

Mwaka 1988 nikapelekwa mchaka mchaka, ile kozi ya siasa na bunduki. Wiki 3, chuo kimoja huko mashambani Busoga, mtoto nilimwachia mama. Saa 11 alfajiri mnakimbia mnaimba, maafisa wa wilaya wenye matumbo, walimu, mapadri wawili, sisi wa RC, wote jasho moja. Maharage yenye wadudu. Kufungua na kufunga bunduki ya SMG ukiwa umefumba macho, mimi nilikuwa wa tatu, mpaka leo vidole vinakumbuka. Lakini utamu ulikuwa darasa chini ya mfenesi. Mwalimu wa siasa, tulimwita Afande PC, mwembamba, miwani imefungwa na waya, Kiswahili cha Mlimani kabisa, chuo kikuu cha Dar es Salaam. Alikuwa haandiki notsi, anaongea tu.

Alitufundisha kwamba jamii zinapita hatua, ujima, utumwa, ukabaila, ubepari, halafu ujamaa, na huko mwisho kabisa ukomunisti ambako hakuna tabaka. Kwamba Marx na Engels waliandika mwaka 1848 kuwa historia yote ya jamii ni mapambano ya matabaka. Kwamba kila kitu kina kontradikisheni ndani yake. Tukawa tunalisema neno hilo kila mahali, maharage yakikosa chumvi ni kontradikisheni, padri akichelewa kuamka ni kontradikisheni. Alitusimulia Dar es Salaam ya mwisho wa miaka ya 60, mwanahistoria Walter Rodney akifundisha, vijana wa Uganda na Tanzania na Malawi wana chama chao cha wanafunzi wa mapinduzi na madarasa yao ya itikadi ya Jumapili, na mwenyekiti wa kile chama alikuwa Museveni, ambaye mwaka 1968 alikwenda na wenzake kuona maeneo yaliyokombolewa na Frelimo, wapigania uhuru wa Msumbiji, akarudi akaandika tasnifu yake kuhusu mawazo ya mwandishi Fanon juu ya vurugu, akiyapima kule Msumbiji. Alipotusimulia hayo nikaelewa kwamba vita ya msituni, ile iliyoanza Kabamba tarehe 6 Februari 1981, watu walishaisoma kabla hawajaipigana. Walijua hatua zake 3 kutoka kwa Mao, kwanza unajilinda unagonga unakimbia, halafu nguvu zinakaribiana, halafu unapigana vita vya wazi mchana.

Mimi nikanyoosha mkono. Nikasema afande, umesema tabaka la wafanyakazi ndilo litaongoza, sasa sisi Walukuba ndio wafanyakazi wenyewe, kwa nini mapinduzi yamekuja na watu wa Luwero kutoka kwenye mashamba ya kahawa na sisi tulikuwa tumejificha? Watu wakacheka. Yeye hakucheka. Akasema swali langu wamelipigania Urusi na China, kwamba Marx alitazama viwanda vya Ulaya, Mao akatazama nchi yake akaona wakulima, na kwamba Lenin mwaka 1902 aliandika wafanyakazi wakiachwa peke yao wataishia kudai mshahara tu, ndiyo maana kunahitajika chama cha watu wachache waliojifunza, wenye nidhamu, wanaofanya mapinduzi kama kazi yao. Nikaandika hayo. Niliporudi nikamsomea baba. Alisikiliza na mkono kwenye sikio, akasema, sasa huyo Lenin alijuaje mimi ningedai nini?

Siku nyingine alichora piramidi ubaoni. RC1 kijiji, RC2 muluka, RC3 gombolola, RC4 saza, RC5 wilaya. Kila kijiji wanachagua 9 wao, hao 9 wanakutana na 9 wa vijiji vingine wanachagua wa juu, na wa juu wanachagua wa juu zaidi. Akasema sovieti maana yake ni baraza tu, kwa Kirusi, wafanyakazi wa Petrograd na askari na wakulima walichagua mabaraza yao hivihivi mwaka 1917, na Lenin akasema madaraka yote yaende kwa mabaraza. Mimi nikaliona zoni letu kwenye ule mchoro, chini kabisa lakini limo. Akaongeza kwamba huko mwisho, tabaka zikiisha, dola yenyewe itanyauka. Alitumia neno hilo, itanyauka, kama jani. Padri mmoja akauliza itachukua muda gani. Akasema kuna kipindi cha mpito.

Nirudi kidogo nyuma, Mei 1987, maana bila hiyo hamtaelewa. Serikali ilibadilisha pesa. Shilingi 100 za zamani zikawa 1, halafu katika hiyo 1 wakakata asilimia 30. Mama alikuwa ameweka 100,000 za samaki wa Masese ndani ya godoro, zikawa 1,000, akaondoka dirishani na 700. Alikaa nje akaziangalia. Na huo ndio mwaka serikali ilipokubaliana na IMF, shirika la fedha la dunia, hao hao tuliokuwa tunaambiwa ni mabeberu. Kule darasani nilimuuliza PC. Akasema hata Lenin mwaka 1921 alirudisha biashara ndogondogo na soko, alirudi nyuma hatua moja ili apate pumzi, na kwamba point ya 10 kwenye zile Point 10 za mpango wa serikali ni uchumi mchanganyiko, hakuna aliyetuahidi ukomunisti. Kweli, hakuna. Nilikwenda kuisoma tena nikaona ndivyo ilivyoandikwa. Lakini kuna kitu ambacho hakukisema mwaka ule na mimi nimekuja kukiona miaka mingi baadaye mjukuu aliponisomea kwenye simu, kwamba mwezi uleule wa Machi 1921 ambao Lenin alileta soko, mabaharia wa Kronstadt waliokuwa wanadai mabaraza yachaguliwe upya kwa uhuru walipigwa na jeshi lao wenyewe. Soko lililegezwa, mabaraza yakakazwa, mwezi mmoja. Nilimwambia kijana arudie kusoma hapo mara mbili.

Lakini msije mkadhani nabeza. Miaka ile ya kwanza RC ilikuwa kitu. Mwaka 1988 tulipewa na nguvu za kuhukumu kesi ndogondogo kisheria. Kulikuwa na mjane, shemeji zake walikuja siku ya tatu ya msiba wakabeba cherehani. Tulikaa chini ya mwembe, viti vya kuazima kanisani, shemeji akasema mila, mwenyekiti wetu akamuuliza wewe unajua kushona? Hajui. Mila inajua kushona? Cherehani ilirudi jioni hiyo kwenye baiskeli, na yule mama akasomesha watoto wake kwayo. Chini ya chifu wa zamani angekwenda kwa nani? Hakuna wakili, hakuna nauli, hakuna Kiingereza. Nikapanda kuwa katibu mkuu wa zoni mwaka 1989, na kwa sababu mwenyekiti alikuwa na shifti ya usiku kiwandani, daftari na muhuri vikakaa kwangu.

Hapo ndipo mambo yaligeuka na sikuona yakigeuka.

Mashariki kulikuwa na uasi, Teso kunawaka. Ikateremka barua kutoka juu, muandike wageni wote wanaolala kwenye zoni, jina, ametokea wapi, amekuja kwa nani. PC alishatueleza hiyo kanuni, mnajadili kwa uhuru, ikishaamuliwa wote mnafuata, wa chini anamtii wa juu. Mimi sikumbuki kujadili. Nilizunguka na daftari, watu wakanikaribisha, wakanipa viti, maana nilikuwa mtoto wao. Nikaandika majina 31. La 19 lilikuwa la kijana aliyekuja kwa mjomba wake kutoka Kumi kutafuta kazi, nikamuuliza ana umri gani nikaandika, nikagonga muhuri, nikapeleka. Wiki ya pili watu walikuja usiku na gari wakamchukua yeye na wengine wawili. Alirudi baada ya muda mrefu, amekonda, anatembea kama mzee. Akaishi hapo hapo laini ya tatu miaka 6 mingine. Hakunisalimia hata siku moja, na mimi sikumsalimia, nilikuwa nageukia upande wa mabomba ya maji.

Nilipokuja kuelewa kwamba hizi kamati zilianzia Luwero wakati wa vita, kwa siri, kazi yake kuwapelekea wapiganaji chakula na habari za nani ameingia kijijini, ndipo nikajua masikio hayakuongezwa baadaye. Yalikuwemo tangu siku ya kwanza, pamoja na ule mstari wangu wa saa 9 mchana. Kitu kilekile kilichompa mama wa mukene sauti kiliwapa na wa juu uwezo wa kujua nani amelala chumba gani Walukuba. Mjukuu anasema huo ni upotoshaji, Marx hakumaanisha hivyo. Labda. Wenye kitabu siku zote kitabu chao hakina kosa. Mimi ninachosema ni kwamba katika yale yote tuliyofundishwa chini ya mfenesi yalikuwepo mafundisho mawili, moja la namna ya kushika madaraka na kuyatunza, na la pili la nani amiliki nini, na hilo la kwanza watu walilishika vizuri sana, kila kipengele, makada, kozi, mabaraza, nidhamu, kipindi cha mpito. Serikali ya mpito tuliambiwa itakaa miaka 4, mwaka 1989 ikaongezwa 5. La pili liliyeyuka kama barafu ya samaki.

Kwa sababu angalia. Mwaka 1991 Urusi yenyewe ikavunjika, na hapa viwanda vya serikali vikaanza kuuzwa. Kiwanda cha baba kilifungwa, kikafunguliwa, kikauzwa, kikafungwa. Alikuwa amefanya kazi miaka zaidi ya 35. Akaambiwa asubiri malipo yake, akawa anakwenda getini kila Jumatatu na ile kofia, askari wa geti akawa rafiki yake, wakawa wanacheza mweso, bao letu. Lile tabaka la kuongoza mapinduzi, nililiona linacheza mweso. Alikufa kabla ya kulipwa, na kaka yangu alipokwenda kufuatilia alitakiwa alete barua ya RC1 kuthibitisha kwamba marehemu alikuwa mkazi. Barua nikaandika mimi. Nikagonga.

Barua, barua, barua. Mtoto aende shule, barua. Dhamana polisi, barua. Kuuza ploti, barua. Kufikia katikati ya miaka ya 90 RC ilikuwa haina mkutano hata mara moja kwa mwaka, watu walichoka, waliokuja walikuwa wazee na wanaotafuta chai, lakini foleni ya muhuri kwangu haikuisha. Katiba ya 1995 ikatufanya tuitwe LC, Local Council, hakuna aliyetuletea muhuri mwingine, nikaendelea na uleule wa RC na hakuna benki wala polisi aliyewahi kuuliza. Na nitasema hata hili maana watoto wangu wanalijua. Nilianza kuchukua pesa. Mwanzoni 500 ya wino, kweli wino ulinunuliwa. Halafu 1,000. Halafu nikawa natazama viatu vya mtu kwanza.

Mwaka 1997 hivi, asubuhi, nimekaa nje na wateja wangu kwenye benchi, likasimama gari jeupe. Akashuka mtu mnene, miwani ya dhahabu. Sikumjua mpaka aliposema habari ya asubuhi akina mama, ile sauti ya Mlimani. Afande PC. Hakuwa jeshini tena, alishapunguzwa kama maelfu ya wenzake wa miaka ile, akaingia biashara ya viwanja, anamnunulia mwekezaji ardhi ya upande wa Masese, anahitaji barua ya LC1 kwamba eneo halina mgogoro. Hakunikumbuka. Nikamwambia akae kwenye benchi, zamu yake itafika. Akakaa, kati ya kijana wa dhamana na mama mwenye mtoto anayekohoa, akapanguza miwani kwa tai. Ilipofika zamu nikamuuliza, afande, hiyo dola inanyauka lini? Alinitazama muda. Kisha akacheka kicheko kirefu cha kweli, akasema, wewe ni yule wa Walukuba, wa swali la wafanyakazi. Tukaongea kidogo. Hakujitetea. Akasema tu kwamba ana watoto 4 shuleni na ada ni dola, na kwa Kiswahili hilo neno ni lilelile, wote tukacheka tena.

Nilijua eneo lile lina mgogoro. Kulikuwa na familia 3 za wavuvi zinalima mihogo pale. Nikagonga. Akaniuliza shilingi ngapi, nikasema 5,000.

Mwaka 2001 tulipangwa tena uwanjani. Nyuma yangu walisimama watu 14, nikawahesabu bila kugeuka sana, na wale wa mihogo hawakuwemo. Yule kijana wa jina la 19 alikuwepo, sasa mtu mzima, amesimama mbali kwenye uzio, hakupanga mstari wowote. Mshindi alikuwa fundi simu mmoja mwenye maneno mengi, naye kwa sababu uchaguzi wa LC1 haukufanyika tena mpaka 2018 alikaa miaka 17 na akajenga.

Nilifunga daftari na muhuri kwenye kitambaa safi, nikakaa nyumbani siku 3 nasubiri aje kukabidhiwa, hata maandazi nilikaanga. Hakuja. Siku ya nne nilikutana na barua yake mkononi mwa mtu bodaboda, wino wa zambarau, duara zuri kuliko langu. Alikuwa amekwenda Nasser Road Kampala asubuhi, akachongesha wake, akarudi na basi la jioni.